Mtoto wa Meza

Mnunuzi alitaka jina.
Bila jina, alisema, hii ni miguu minne tu
na uso uliomwagikiwa chai miaka hamsini.
Kwa jina, akataja kiasi
kilichomfanya mjomba Kadinda atafute pa kukaa.

Basi tukaipakia mkokoteni, mimi na binamu,
kutoka nyumba ya bibi Twilumba, Kihesa,
asubuhi ya Julai, ukungu ungali umelala barabarani,
vidole ganzi, mjomba mbele akitusafishia njia,
mpaka Mshindo, kwa fundi Ngimbudzi
asiyetengeneza tena chochote
ila hushinda karakanani
kwa kuwa nyumbani hakunuki mbao.

"Kamwene," alisema. Hakututazama sisi.
Aliipindua meza miguu juu, kama mbuzi wa kuchunwa,
akapitisha ukucha kwenye maungio,
akanusa, akaomba tochi.

"Msumari hakuna. Tazameni vigingi:
vitatu mpodo, cha nne mwerezi.
Kila meza yake, kimoja cha mti mwingine.
Watu walidhani mbao zilimwishia.
Luvanda huyo, wa Makete.
Alikuwa akisema, mtu akiibiwa kazi yake
hahitaji polisi, anahitaji kigingi."

Mjomba alikwishatoka nje na simu sikioni.

Lakini mzee alikuwa amemvuta mtoto wa meza,
amempakata magotini.
"Na huyu ni wa nani?"

Wa meza, tukasema.

"Si wa meza hii."
Akatuonyesha: msindano, tena mbichi ulipokatwa.
Pembe zimepigwa misumari, miwili imepinda, ikalazimishwa.
Mikwaruzo ya randa inakimbilia kushoto:
mtu wa mashoto, au mwanafunzi,
au mwenye njaa aliyewahi sokoni.
"Wa kwanza alipotea. Labda aliungua, sijui.
Huyu aliletwa, na aliletwa mkubwa kuliko nafasi.
Oneni alivyochongwa ubavu. Hiki ni kisu cha jikoni."

Kisha akapitisha kidole ukingoni, chini,
kikatoka cheupe, kinateleza.
"Mshumaa. Kuna mtu alikuwa akimpaka mshumaa,
mwaka hadi mwaka, asikwame."

Sikusema kitu.
Nilivijua vile vipande vya Krismasi,
bibi alivyovifunga pembeni mwa khanga
kana kwamba ni noti.
Nilijua pia nilivyofika nyumba ile,
miaka minne, na mfuko wa nailoni,
na wajomba wamesimama mlangoni wakiuliza,
na huyu ni wa nani?
na bibi, badala ya kujibu,
akinipa kijiko.

Jumamosi mnunuzi alikuja na gari lake.
Alikipiga picha kigingi cha nne mara kumi na moja.
Kwa mtoto alitikisa kichwa:
"Huyu anashusha bei. Nitachongesha mwingine, wa mpodo."
Akaifunga meza kwa blanketi, shimo lake wazi,
ikaondoka kinywa kikiwa kimeachama.

Mjomba alikuwa anahesabu.
Nilimwokota sakafuni, pamoja na vilivyokuwamo:
vifungo vitatu, risiti ya mbolea,
ufunguo wa kufuli ambalo hatujawahi kuwa nalo.
Nikapanda naye hadi chumbani kwangu, Mtwivila,
nimemkumbatia kwa ubavu ule uliochongwa.

Fundi Ngimbudzi alikuwa amenipa kalamu ya seremala.
"Chini yake pako tupu," alisema. "Andika utakalo."

Kalamu imo ndani, kati ya vitunguu.
Sijaandika.
Umeme ukikatika nasoma kwa mshumaa,
na kinachobaki kwenye kisahani
sikitupi.